Sadaka ya Nani? Wanyama wa Maabara na wa Safari za Anga

Kuna neno la madhabahuni ambalo limehamia maabara, nalo limekaa huko muda mrefu hata wengi hawakumbuki lilikotoka. Katika taarifa za kitaalamu zinazoandikwa kwa Kiingereza, jaribio linapokwisha na wanyama wakauawa ili viungo vyao vichunguzwe, mara nyingi mwandishi hasemi kwamba waliuawa. Husema walitolewa sadaka. Lugha hiyo imeingia pia katika masimulizi ya safari za anga. Tunaambiwa kwamba mbwa Laika alijitoa mhanga kwa ajili ya sayansi, na kwamba sokwe Ham alikuwa shujaa aliyewafungulia njia wanaanga.

Sisi tunaofundisha theolojia, na tunaowaandaa wengine kusimama madhabahuni, hatuna utaalamu wa kuwasahihisha wanabiolojia katika kazi yao. Lakini sadaka ni neno letu, na likitumiwa isivyo tunao wajibu wa kuuliza. Katika makala hii hatuhukumu utafiti wote, wala hatuwaungi mkono wanaotaka maabara zote zifungwe kesho. Tunauliza: je, wanyama hao walikuwa sadaka? Na kama hawakuwa, waitwe nini, nasi tulionufaika nao tuna wajibu gani?

Martin Luther, alipotetea hoja zake kule Heidelberg mwaka 1518, alitofautisha katika hoja ya 21 aina mbili za wanateolojia. Yule wa utukufu hubadilisha majina ya mambo, hata ubaya akauona wema. Yule wa msalaba hukitaja kitu kama kilivyo. Tunakichukua kipimo hicho na kukitumia hapa.

Mambo yalivyokuwa

Tarehe 3 Novemba 1957 Umoja wa Kisovieti ulirusha chombo cha Sputnik 2 kikiwa na Laika, mbwa jike aliyeokotwa katika mitaa ya Moscow. Chombo hakikuwa na njia ya kurudi. Waliomfunga ndani walijua kwamba atakufa humo. Kwa miaka mingi ulimwengu uliambiwa kwamba aliishi siku kadhaa na kufa bila mateso. Ni mwaka 2002 tu ambapo mwanasayansi wa Urusi, Dimitri Malashenkov, alieleza kwamba Laika alikufa saa chache baada ya kurushwa, kwa joto kali na hofu. Miaka minne kabla ya hapo Oleg Gazenko, mmoja wa waliomwandaa, alikuwa amekiri hadharani kwamba kadiri muda unavyopita ndivyo anavyozidi kusikitika, na kwamba waliyojifunza katika safari ile hayakutosha kuhalalisha kifo cha mbwa yule.

Wamarekani nao walianza mapema. Kuanzia mwaka 1948 waliwarusha kima kwa makombora ya V-2 yaliyotekwa Ujerumani. Kima hao waliitwa Albert, na kila mmoja alipokufa jina lile lile lilipewa mwingine kwa namba nyingine. Albert wa Pili alifika kilomita 134 juu mwezi Juni 1949, kisha akafa chombo kilipogonga ardhi kwa sababu parachuti haikufanya kazi.

Baada ya kima wakaja sokwe. Anayejulikana zaidi alizaliwa Kamerun mwaka 1957, akakamatwa akiwa mdogo na kupelekwa Marekani, katika kambi ya jeshi la anga ya Holloman, New Mexico. Huko alifundishwa kuvuta wenzo kila taa inapowaka. Akipatia, alipewa kidonge chenye ladha ya ndizi. Akikosea au akichelewa, alipigwa shoti ya umeme kwenye nyayo. Tarehe 31 Januari 1961 alirushwa kwa safari ya dakika 16 na nusu hivi. Roketi ilipitiliza kimo kilichopangwa, chombo kikaangukia baharini mbali na mahali palipokusudiwa, maji yakaanza kuingia. Alitolewa akiwa hai.

Mpaka siku hiyo kwenye karatasi za safari alikuwa Namba 65. Sababu inayotajwa ni kwamba sokwe mwenye jina akifa, magazeti yatapiga kelele kuliko akifa mwenye namba. Aliporudi salama ndipo akatangazwa kwa jina la Ham, lililotokana na herufi za mwanzo za jina la kituo cha tiba cha kambi ile. Picha yake akiwa ameachama na meno yote yako nje ilienea duniani ikielezwa kuwa ni tabasamu la shujaa. Jane Goodall, aliyeishi na sokwe wa Gombe, na wengine wanaowajua wanyama hawa, walieleza baadaye kwamba sura ile ni sura ya hofu kubwa. Na wapiga picha walipotaka Ham arudishwe kwenye kiti chake ili wapate picha nyingine, alikataa, na watu wazima kadhaa hawakuweza kumlazimisha.

Miezi kumi baadaye, tarehe 29 Novemba 1961, sokwe mwingine, Enos, aliizunguka dunia mara mbili. Katika safari hiyo mtambo uliharibika, akawa anapigwa shoti hata alipovuta wenzo sahihi. Aliendelea kuvuta kama alivyofundishwa. Mwaka uliofuata alikufa kwa ugonjwa wa kuhara damu.

Msomaji wa Biblia hawezi kuyasikia majina hayo mawili bila kushtuka. Enos ndiye Enoshi wa Mwanzo 4, na kwa Kiebrania neno hilo maana yake ni mtu, mwanadamu. Walimwita mtu, wakamfunga kama mzigo. Ham, ingawa asili yake ni herufi za kituo cha jeshi, ni jina lile lile la Hamu mwana wa Nuhu, ambalo wafanyabiashara ya utumwa na wahubiri wao walilitumia kudai kwamba Mwafrika amelaaniwa, ilhali katika Mwanzo 9 anayelaaniwa ni Kanaani wala si Hamu. Hatumfananishi sokwe na mtumwa. Waliofanya hivyo zamani walifanya kwa kututukana. Lakini watu wa bara hili wana sababu ya kusoma kwa makini kila kitabu cha hesabu ambamo kiumbe aliyechukuliwa mdogo kutoka msitu wa Afrika anavushwa bahari na kuandikwa kwa namba.

Sadaka ni nini

Katika sharika zetu sadaka ya mnyama si jambo la kusoma vitabuni tu. Siku ya mavuno mama huja na jogoo wake, mzee huja na mbuzi, na baada ya ibada mnada hufanyika nje ya kanisa. Kila mtu anaelewa kwa nini jogoo yule ni sadaka. Ni wa mama yule. Amemlisha, angeweza kumuuza akanunua sukari na daftari za watoto, naye ameamua kukaa bila kitu hicho. Amemleta mchana kweupe, mbele ya Mungu na mbele ya majirani.

Hivyo ndivyo Maandiko yanavyofundisha. Katika Walawi 1 mwenye sadaka huleta mnyama kutoka mifugo yake mwenyewe, na huweka mkono juu ya kichwa chake mbele ya hema. Katika 2 Samweli 24 Arauna anataka kumpa mfalme Daudi ng'ombe na uwanja bure, na Daudi anakataa, kwa kuwa hataki kumtolea Bwana kitu ambacho hakikumgharimu. Lakini katika kitabu hicho hicho, sura ya 12, nabii Nathani anasimulia habari ya tajiri mwenye kondoo wengi aliyemchukua mwanakondoo mmoja wa maskini akamchinjia mgeni. Karamu ilifana, na mgeni alishiba. Nathani haiiti sadaka.

Sokwe wa Kamerun alikuwa wa nani? Hakutoka zizini mwa mtu. Kwa kawaida, ili kumpata mtoto wa sokwe akiwa hai, wawindaji walimuua kwanza mama, kwa kuwa mama hamwachii mtoto. Waliomrusha hawakupungukiwa na kitu walichokuwa wamekilea kwa upendo. Mmoja wa wataalamu wa Kisovieti alimchukua Laika nyumbani kwake kabla ya safari ili acheze na watoto wake, na sisi tunaamini kwamba moyo wake ulimsuta. Lakini kusutwa na moyo kabla ya kutenda ni onyo. Hakukifanyi kitendo kuwa sadaka.

Mtu atatujibu kwamba hata ng'ombe wa Walawi hakuulizwa. Ni kweli, na ndiyo sababu tusijitetee haraka kwa Agano la Kale. Waraka kwa Waebrania, sura ya 10, unatuambia kwamba mlango huo umekwisha kufungwa: Kristo alitoa sadaka moja, mara moja, na hakuna nyingine inayohitajika kwa ajili yetu. Tena katika Yohana 10 anasema kwamba uhai wake hakuna aliyemnyang'anya. Yeye mwenyewe ameutoa kwa hiari. Hapo ndipo ulipo uzito wa imani yetu. Anayesema kwamba Laika alijitoa amelichukua neno hilo la hiari akamvalisha kiumbe aliyefungwa mikanda. Kwa namna hiyo anajisitiri yeye aliyefunga mikanda, kwa maana mtoaji akiwa mnyama mwenyewe, sisi tunabaki wapokeaji wa zawadi, na mpokeaji wa zawadi hadaiwi.

Matone ya polio

Ingekuwa rahisi kuishia hapa, tukawalaumu mataifa makubwa mawili yaliyoshindana angani, tukasema kwamba wapiganapo tembo nyasi huumia, kisha tukafunga kitabu. Lakini tusingekuwa tumesema kweli yote, kwa sababu sisi pia tumo.

Kila mama katika vijiji vyetu anayajua matone ya polio. Tarehe 25 Agosti 2020 Afrika ilitangazwa kuwa haina tena virusi vya asili vya polio, na wengi wetu tuliokulia miongoni mwa vijana wenye magongo tulimshukuru Mungu. Chanjo ya Jonas Salk iliyoidhinishwa mwaka 1955, na ile ya matone ya Albert Sabin iliyofuata, zilijaribiwa kwa kima, na virusi vyake vilikuzwa katika figo za kima. Maelfu kwa maelfu yao walisafirishwa kutoka India mpaka nchi hiyo ilipozuia biashara hiyo mwaka 1978. Mwaka 1962 watafiti wa Chuo Kikuu cha Chiba, Japani, walichukua seli za figo ya tumbili wa Afrika, ndugu wa karibu wa hawa wanaotuibia mahindi shambani, wakaziwezesha kuendelea kuzaliana nje ya mwili. Uzao wa seli hizo unatumika hadi leo kutengenezea chanjo kadhaa, zikiwamo za polio na za kichaa cha mbwa. Waliziita Vero, kifupisho cha maneno ya Kiesperanto yenye maana ya figo ya kijani. Na katika lugha hiyo hiyo vero maana yake ni ukweli.

Katika kazi hiyo hiyo watu nao walikufa. Mwaka 1967 tumbili waliotoka Uganda walipelekwa Ujerumani na Yugoslavia kwa ajili ya utengenezaji wa chanjo na utafiti. Wafanyakazi waliowapasua waliugua ugonjwa ambao haukuwa umejulikana. Watu 31 waliugua, na 7 kati yao wakafa. Ugonjwa huo ukaitwa kwa jina la mji wa Marburg. Walutheri tunaujua mji huo kwa sababu nyingine, maana ndipo Luther na Zwingli walipojadiliana juu ya Meza ya Bwana mwaka 1529. Mwaka 2023 Marburg likawa jina la msiba katika mkoa wetu wa Kagera. Afrika haisomi habari hizi kama mtazamaji aliyeko mbali. Tumbili walitoka kwetu, ugonjwa umetufikia, na chanjo zimetuokoa.

Tena tusisahau ni nani angewekwa mahali pa kima kama kima wasingekuwapo. Kuanzia mwaka 1932 hadi 1972, huko Tuskegee, Alabama, wanaume weusi wapatao 600 waliwekwa katika uchunguzi wa kaswende. Wapatao 400 kati yao walikuwa wagonjwa, nao waliachwa bila tiba hata baada ya penisilini kupatikana. Kanuni za Nuremberg za mwaka 1947, zilizotungwa baada ya madaktari wa Hitler kuhukumiwa, zilidai kwanza ridhaa ya mtu, na zikadai pia kwamba jaribio lolote kwa mwanadamu litanguliwe na matokeo ya majaribio kwa wanyama. Anayetaka majaribio yote kwa wanyama yakome leo, kabla njia nyingine haijapatikana, atuambie ni mtoto wa nani atakayekuwa wa kwanza. Tunaijua historia. Hangekuwa mtoto wa waziri.

Majibu mawili yasiyotosha

Jibu la kwanza hutoka kanisani kwetu. Husemwa kwamba mnyama hana roho, na kwamba Mungu alimpa mwanadamu utawala katika Mwanzo 1, basi mjadala umekwisha. Anayesema hivyo asome mbele kidogo. Mara baada ya utawala huo, chakula kinachotajwa kwa mwanadamu na kwa wanyama ni mimea. Katika Mwanzo 9 Mungu anafanya agano na kila kiumbe hai kilichotoka safinani, wala si na Nuhu peke yake. Mithali 12:10 hutambua mwenye haki kwa jinsi anavyoijali nafsi ya mnyama wake, na kitabu cha Yona kinafungwa kwa Mungu kutaja wanyama wengi wa Ninawi pamoja na watu wake, akimwuliza nabii kama hawastahili kuhurumiwa. Katika Katekisimo Ndogo Luther anatufundisha kukiri kwamba Mungu ametuumba sisi pamoja na viumbe vyote. Mtawala katika Biblia huulizwa habari za walio chini yake. Utawala usioulizwa ni wa Farao.

Jibu la pili hutoka nje ya kanisa. Husemwa kwamba hakuna tofauti yoyote kati ya mtu na mnyama, kwa hiyo kumtumia mnyama ni sawa kabisa na kumtumia mtu. Hatulikubali. Aliyeumbwa kwa mfano wa Mungu ndiye peke yake anayeweza kujiuliza swali hili. Lakini tofauti hiyo huongeza wajibu wetu. Na haina budi kusemwa kwa unyenyekevu, maana sisi wenyewe hatukuijua mipaka yake vizuri. Kabla mwaka 1960 haujaisha, kando ya Ziwa Tanganyika, Jane Goodall alimwona sokwe akipukutisha majani ya kijiti na kukitumbukiza katika kichuguu ili kuvua mchwa. Wakati huo wasomi walifundisha kwamba mwanadamu peke yake ndiye hutengeneza chombo cha kazi. Miezi michache baadaye Ham akarushwa. Haiwezi kusemwa kwamba habari hazikuwapo. Zilikuwapo, Gombe, kwa yeyote aliyetaka kutazama kwa subira.

Dawa ya deni

Kwa hiyo tunapendekeza neno lingine, nalo ni deni. Waswahili husema dawa ya deni ni kulipa. Sadaka ikishatolewa imekwisha, lakini mdaiwa hulala akikumbuka. Hatuwezi kumlipa Ham, aliyekufa mwaka 1983 baada ya miaka mingi ya kukaa katika bustani ya wanyama, miaka 17 kati ya hiyo akiwa Washington. Lakini walio hai tunaweza kuwalipa kwa namna tatu.

Kwanza, kwa kupunguza. Mwaka 1959, katikati ya mashindano ya anga, Waingereza wawili, William Russell na Rex Burch, waliandika kwamba mtafiti mwema hutafuta njia nyingine badala ya mnyama, akikosa hutumia wanyama wachache kadiri iwezekanavyo, na hupunguza maumivu yao. Kanuni hizo sasa zimeingia katika sheria za nchi nyingi. Mwaka 2015 taasisi za taifa za afya za Marekani zilitangaza kwamba hazitagharimia tena utafiti wa tiba kwa sokwe. Tanzania inayo Sheria ya Ustawi wa Wanyama ya mwaka 2008. Shule na hospitali za kanisa ziwe za kwanza kuifahamu. Mwalimu wa biolojia anayemweka chura mezani mbele ya Kidato cha Nne aanze kwa kueleza kwa nini, na kama mchoro unatosha, chura aachwe.

Pili, kwa kupima sababu. Matone ya polio na mashindano ya kuonyesha nani ana roketi kubwa si jambo moja, hata kama mnyama aliyefungwa ni yule yule. Mkristo aliyeko kwenye kamati ya maadili ya utafiti ana haki ya kuuliza kama maumivu haya yanatafuta uhai wa mtu au fahari ya mtu. Gazenko alijiuliza hivyo uzeeni. Swali hilo lilistahili kuulizwa kabla mlango wa chombo haujafungwa.

Tatu, kwa kusema kweli. Amri ya nane inatukataza kumshuhudia jirani yetu uongo, na uongo juu ya asiyeweza kujibu hauwi mdogo kwa sababu hajibu. Asiyekuwapo na lake halipo, ndivyo tunavyosema. Basi kanisa liwe mahali ambapo la asiyekuwapo lipo. Jumapili tunapoombea hospitali, watafiti na watoto wanaochanjwa, tutaje pia viumbe ambao afya yetu imepitia kwao, na tuseme kwamba waliuawa. Tusiwaite mashujaa, kwa maana hawakuchagua. Paulo ameandika katika Warumi 8 kwamba viumbe vyote vinaugua pamoja vikingojea ukombozi. Sehemu ya kuugua huko imeandikwa kwa namba katika madaftari ya maabara, nasi tumechanjwa.